Sikukuu ya Milango

Nichekeni tu, maana mimi mwenyewe nimeshajicheka. Nilipohamishiwa Mafia, kwenye kazi za hifadhi ya bahari, jioni sikuwa na wa kuzungumza naye. Nikaanza kutunga hadithi ya dunia saba, na kalenda yake nikaibandika ukutani. Tarehe moja nikaizungushia wino mwekundu: Sikukuu ya Milango, siku ambayo milango ya dunia zote hufunguka na hakuna anayekula peke yake.

Jirani yangu, Bi Mwanaidi, akaiona. "Mwanangu, hii siku gani?"

Niliona haya kusema natunga hadithi, mtu mzima na ndevu zangu. "Sikukuu yetu Wakristo, mama. Jumamosi hii."

Jumamosi nikasikia hodi. Bi Mwanaidi kabeba sinia la wali wa nazi na pweza, nyuma yake wanawake wenzake wanaolima mwani, wamevaa kanga mpya. Nusura nilie. Tangu nifike, hakuna aliyewahi kuketi kwangu.

"Hatukutaka usherehekee peke yako," akasema. "Tena tumekuletea mwenzako wa dini."

Akaingia mchungaji kutoka Kilindoni. Akaitazama kalenda, akavua miwani, akaivaa tena.

"Ndugu yangu," akaniuliza mbele ya wote, "sikukuu hii ni ya kanisa gani?"