Agripina na Mbuzi wa Mawe

Watu wakiniuliza Agripina ni mtu wa namna gani, nawasimulia siku tuliyokwenda kutembezwa mjini Guangzhou, na kabla sijafika katikati hasira zinanipanda upya. Mimi Shifa, mtoto wa Kariakoo, subira ninayo, lakini siyo ya kugawa bure. Siku ile aliimaliza yote.

Agripina ni mtu wa Bukoba aliyeolewa Mwanza. Kila tulipokutana Guangzhou tulichangia chumba, miaka ile ya tisini ikiishia, wakati sisi wafanyabiashara wa kwetu tulikuwa bado wachache, tunajuana kwa majina. Mimi nilikuwa nafuata vifaa vya shule na midoli mtaa wa Yide Lu, yeye nguo za soko la Shahe. Alfajiri anatoka, jioni anarudi na robota begani, anakula wali na yai, analala. China yake ilikuwa ngazi za soko, mizani na makaratasi ya gundi. Na Shahe nzima walimjua kwa mchezo mmoja, kumpa laoban mgongo. Laoban ndiyo bosi wa duka. Agripina akitajiwa bei anacheka, anataja yake, anageuka anaondoka polepole, wala hatazami nyuma. Hafiki duka la tatu, laoban keshapaaza sauti kumwita. Hakuna bosi aliyemshinda kwa mchezo huo.

Sasa huyo mumewe. Kasmir alikuwa dereva wa lori, akaanguka kutoka juu ya mzigo, miguu ikafa. Tangu hapo ni mtu wa kitandani, na Agripina ndiye mwenye duka, ndiye muuguzi, ndiye kila kitu. Akisafiri, mgonjwa anabaki na wifi yake. Na huyo wifi, Mungu amsamehe maana mimi siwezi, kazi yake ikawa kumtia mgonjwa maneno. China gani hiyo, kaka, mtu anakwenda na kurudi hata picha yake mwenyewe hana? Si ajabu anaishia Dar es Salaam kwa mwanamume. Lisemwalo lipo, kama halipo laja. Mtu aliyelala siku nzima anatazama dari, maneno kama hayo yanamwingia tu. Ukutani mbele yake palikuwa na kalenda yenye picha ya mbuzi wa mawe wa Guangzhou, ile sanamu kubwa ya bustani ya Yuexiu. Basi safari ile akamwambia mkewe: nataka nikuone umesimama pale. Ukija bila picha hiyo, pitiliza kwenu Bukoba, Mwanza usishuke.

"Mwambie aje akupige picha mwenyewe," nilimjibu Agripina aliponihadithia.

Hakucheka. "Nampenda, Shifa," akasema. "Shida yangu ndiyo hiyo."

Ndipo nikamtafuta Kamande. Kamande alikuwa kijana wa Kikenya aliyekuja kusoma Kichina, darasa likamshinda au yeye akalishinda, sijui, akawa anakodi kigari na dereva wake na kuwatembeza wafanyabiashara. Aliahidi hekalu, mto, bustani yenye mbuzi, na chakula cha mchana, watu wachache wachache, kwa raha zenu. Tukawa watatu: mimi, Agripina, na Bwana Ussi wa Unguja, ambaye anauza redio na kamera Darajani lakini shingoni mwake hujapata kuona hata kamera ya kuazima. Kesho yake alfajiri Agripina alikuwa anaondoka kwenda Hong Kong kupanda ndege. Kwa hiyo ilikuwa siku ile au basi tena. Akavaa kitenge cha kushona na hereni, nikampaka wanja, akatia mkanda mpya kwenye kamera yake.

"Mbuzi kwanza," nilimwambia Kamande hata kabla sijakaa.

"Mathe, tulia. Mbuzi ni mawe, hawatoroki. Tunaanza na chai kidogo."

Chai kidogo! Tulitiwa kwenye duka, msichana akatumiminia chai katika vikombe vya kumnyweshea kuku dawa, huku anaeleza habari za mlima yalikochumwa majani. Bwana Ussi akaniinamia. "Bi Shifa, wallahi huyu kijana anakula cha juu hapa." Nilijua. Tena nani asiyejua? Sisi sote tukimpeleka mgeni dukani kwa laoban wetu, laoban hatusahau. Nyani haoni kundule. Basi dawa yake ni moja, unywe chai, useme asante, utoke.

Agripina akauliza bei ya katoni.

Msichana akaweka birika chini, akakimbia nyuma. Akaja laoban mwenyewe anafunga vifungo vya koti, keshasikia kuna wanunuzi wakubwa kutoka Afrika. Yakaja makopo ya chai, yakaja mabirika, zikaja seti za vikombe. Na Agripina, nyie, akatoa kamera! Maana hiyo ndiyo kazi yake ilivyo. Kila akiona mali inayolipa anaipiga picha, anakwenda kuwaonyesha wateja wake Mwanza, wakichagua ndiyo anaagiza. Mkono wake unakwenda kwenye kamera wenyewe, hauombi ruhusa.

"Agripina, mkanda!" nikapiga kelele.

"Zimo nyingi."

"Na nani Mwanza atakunywa maji ya majani yasiyo na sukari?"

"Vikombe, Shifa. Hivi vikombe mahotelini vitauzika."

Mpaka tunatoka pale jua lilikuwa kichwani. Hekaluni Bwana Ussi alikataa kushuka, akasema mambo ya masanamu hayawezi. Tukaingia wawili na Kamande, ambaye kwa kweli siku hiyo hapo ndipo mahali pekee alipofanya kazi yake, akatueleza vizuri habari za ubani na kengele. Nageuka nimwonyeshe Agripina kengele, simwoni. Namkuta kashika pindo la joho la mtawa, analisugua kwa vidole. Mtawa amesimama kimya kwa adabu.

"Hii ni pamba au mchanganyiko?" ananiuliza.

Yarabi! Nilimshika mkono kama mtoto, nikamrudisha garini.

"Mbuzi," nikamwambia Kamande. "Sasa hivi. Mto tuachie, hekalu limetosha."

"Sawa, mathe. Ila hapa njiani kuna kiwanda, dakika mbili tu."

Kiwanda wapi! Lilikuwa duka la mikoba iliyoletwa kutoka mji wa Shiling, limejaa hadi kwenye dari. Nikamwapiza Kamande, nikamwapiza na dereva asiyejua kosa lake. Nilipoiona mikoba ile nilijua tumekwisha. Agripina alishuka kama mtu aliyeitwa kwa jina lake. Alifungua zipu, akanusa ngozi, akageuza mikoba ndani nje, akatajiwa bei, akampa laoban mgongo, akaitwa, akarudi, akampa mgongo tena. Kamera inalia kah, kah. Nilisimama mlangoni nikapayuka mpaka wapita njia wakasimama kunitazama. Nikamwambia: mumeo anataka picha yako, hataki ya mikoba! Akanijibu bila kugeuka kwamba anamaliza. Chakula chetu cha mchana kilikuwa maandazi ya mvuke, tuliyala ndani ya gari, nayo yalikuwa yamepoa. Bwana Ussi alikataa hata hayo kwa kuogopa nyama ya ndani, akashinda na njaa huku anamlaani Kamande kwa sauti ya chini.

Tulifika Yuexiu jua limeshuka. Ngazi za pale kilimani zilinivunja magoti. Lakini mbuzi walikuwepo, ni kweli, wakubwa, mmoja kainua kichwa juu ya wenzake. Agripina aliwatazama. Nadhani ndiyo mara ya kwanza nilimwona anatazama kitu bila kukitafutia bei. Akajifuta jasho, akaweka kitenge sawa, akanipa kamera, akaenda kusimama mbele ya jiwe.

Nikabonyeza. Kamera ikanguruma ndani kwa ndani, ikajifunga. Mkanda umekwisha.

Kamande akakimbia kwenye kibanda cha soda kuuliza mkanda, akarudi anatikisa kichwa. "Meiyou," akasema, ndilo neno la kwanza analojifunza mtu yeyote Guangzhou, kwamba hakuna. Ila pembeni palikuwa na mama mmoja wa Kichina chini ya mwavuli, ana kamera ya picha za papo hapo, unapiga na picha inatoka hapo hapo. Alikuwa ameanza kufunga ubao wake wa picha. Mungu huyo katuletea, nikasema moyoni. Kamande akamwomba, mama akakubali, akataja bei yake. Ilikuwa bei ya kawaida ya bustani, siyo ya kumwua mtu.

Agripina akacheka kile kicheko chake.

"Usithubutu," nikamwambia. "Nalipa mimi."

"Usimlipe. Anatuona wageni." Akataja yake, nusu ya nusu. Mama akatikisa kichwa. Na Agripina, mbele ya macho yangu, akageuka akaanza kuondoka, polepole, mgongo umenyooka, kuelekea kwenye ngazi.

Nimeshika pochi wazi mkononi, namkimbilia yeye, namkimbilia mama. "Rudi! Agripina, rudi usimame!" Hakurudi, alikuwa anangoja kuitwa. Lakini yule mama si laoban wa Shahe. Hana marobota ya kuozea stoo, ana nyumba ya kuwahi na pengine watoto wa kupikia. Alimtazama Agripina anavyokwenda, akanisikiliza mimi ninavyofoka kwa lugha asiyoijua, akaona hawa wamekataa na tena wanagombana. Akakunja mwavuli, akatia kamera begini, akashuka kwa njia ya upande wa pili. Kamande alimfuata mbio. Alirudi peke yake.

Hapo ndipo nilipomwambia Agripina yote niliyokuwa nayo toka asubuhi. Nilimwita mchoyo. Nikamwambia ameiuza ndoa yake kwa bei ya soda, na kwamba wifi yake atapiga vigelegele. Bwana Ussi akasema, "Inatosha, Bi Shifa, inatosha," nami nikamjumuisha na yeye.

Agripina akakaa kwenye ngazi. Alisubiri nimalize.

"Yule mtu mimi namsafisha uchafu wake," akasema. "Namlisha. Nimeuza mpaka khanga za harusi apate dawa. Halafu nimpelekee ushahidi, kama mwizi polisi. Yule mama alipotaja bei, Shifa, uchungu ulinipanda. Hata kuaminiwa na mume wangu na kwenyewe ninunue?"

Tukashuka.

Chini ya hoteli yetu palikuwa na duka la simu, vibanda vya kioo na saa ya kuhesabu dakika juu ya kila kimoja. Agripina akaingia bila kupangusa hata vumbi la siku, nikaingia naye, maana sikumwamini. Kwetu ilikuwa mchana. Nyumbani kwake simu iliwekwa karibu na kitanda, na Kasmir ndiye aliyepokea. Laini ilikuwa nzuri kiasi kwamba nilimsikia vizuri.

"Kasmir, natoka kwa mbuzi wako sasa hivi," akasema Agripina. "Picha sina."

Akahamishia simu sikio la pili.

"Sina. Mkanda uliisha, na mpiga picha nilibishana naye akaondoka. Ukiamini, amini. Usipoamini, napitiliza kwa mama, nguo zangu nitatuma mtu azichukue. Nimechoka kupimwa."

"Unarudi lini?" akauliza Kasmir.

"Nimekwambia picha sina!"

"Nimesikia. Unarudi lini, Agripina?" Sauti yake ilikuwa ya mtu anayebana meno. "Mgongo umetoboka vidonda. Dada hunigeuza akikumbuka. Toka jana hajakumbuka."

Nilimwona Agripina anabadilika rangi. Mimi nilitaka kumpokonya ile simu nimpe yule mwanamume vidonge vyake, yeye na dada yake na kalenda yao. Hakunipa nafasi.

"Mto niliosema uwekwe chini ya nyonga, umewekwa?"

"Haukuwekwa."

"Mwite."

"Ametoka."

"Ametoka kwenda wapi na mtu amelala..." Akajizuia, akavuta pumzi. "Haya. Simu iweke hapo kwenye shuka, karibu na sikio. Mkono wa kulia upeleke kule, ushike ubao wa kitanda. Umeushika?"

"Nimeushika."

"Bega kwanza. Usivute kwa pupa, utachanika. Vuta."

Tukasikia kitanda kinalia huko Mwanza. Agripina alikuwa ameinama ndani ya kile kibanda, bega lake limeegemea kioo, linasukuma, kama mtu anayemwinua mwenzake. Mwenye duka akagonga akionyesha saa ya dakika. Nikampa pesa nikamwambia kwa Kiswahili aondoke mbele yangu, akaelewa.

"Vuta tena, baba. Nipo hapa. Tena."

Ikapita pumzi, na nyingine.

"Umegeuka?"

"Nimegeuka," akasema Kasmir, anahema.

"Basi kaa hivyo hivyo," akamwambia, "mpaka niingie."