Santuri, Kompyuta na Masikio Yangu

Nilikuwa nikifanya kazi katika matbaa ndogo River Road. Rafiki yangu, Singasinga wa rika langu, aliuza misumari na rangi katika duka la baba yake, mlango wa pili. Kilichotukutanisha ni hip-hop, na kilichotuweka pamoja ni ubishi. Yeye alishikilia kwamba santuri ni mikwaruzo tu. Muziki halisi ni ule wa kompyuta, hasa yale mafaili makubwa yenye sauti safi kuliko ya CD. Mimi nilisema besi ya santuri huja na nyama yake, ya kompyuta ni mifupa mitupu. Jumamosi mchana tulienda kwao Muthangari, ambako baba yake alikuwa na gramafoni nzuri, tukacheza wimbo uleule kwa njia zote mbili. Hakuna aliyewahi kumshinda mwenzake.

Kisha kifua kikuu, nilichotibiwa nikiwa chuoni, kikanirudia. Safari hii vidonge peke yake havikutosha. Kila asubuhi nilipita kliniki kudungwa sindano. Kikohozi kikaisha, nikanenepa, lakini masikioni mwangu wakahamia nyenje wasionyamaza. Nilidhani ni kelele za mashine za kazini. Nilipomweleza daktari, alikomesha sindano siku ileile. Alisema dawa hiyo huokoa mapafu, ila kuna watu inaowala masikio. Hakusema kama yangepona, nami niliogopa kuuliza.

Nilipopata nguvu nilirudi Muthangari. Rafiki yangu alikuwa ameninunulia zawadi: albamu niliyoipenda kuliko zote, kwenye santuri, na yeye mwenyewe alikuwa nayo kwenye kompyuta. Alinikalisha nikitazama bustani ili nisione anachocheza.

"Sema ni gani hiyo," akasema.

Nilisikiliza. Besi ilikuwepo, nzito, ikitembea sakafuni. Juu yake palikuwa patupu.

"Cheza ile ingine."

"Nimeshacheza zote mbili, msee. Mara mbili."

Alicheka, akidhani namtania. Kisha akauliza, "Si unaskia hizo toazi? Hapo juu, zinapiga tss, tss?"

Sikuzisikia. Hata mikwaruzo ya santuri, aliyoitukana miaka yote hiyo, sikuisikia. Niligeuka nikamkuta ananitazama, na mama yake amesimama mlangoni.

"Mathe amekuuliza mara tatu kama utakula," rafiki yangu akasema polepole.

"Samahani, Anti," nikasema. Mama akanishika bega, akarudi jikoni.

Rafiki yangu hakukubali kushindwa. Alisema kompyuta ina uwezo ambao gramafoni haina: anaweza kuzipandisha sauti nyembamba peke yake. Akazipandisha. Akazidi kuzipandisha, hadi akakunja uso na mbwa wa jirani akaanza kubweka. Niliuona mdomo wa mbwa huyo ukifunguka na kufungika kule uani. Mimi sikupata kitu. Akazima, tukakaa kimya, na kimya kile kilikuwa cha kwake peke yake, kwa sababu mimi nilikuwa na nyenje wangu.

Mtaalamu wa masikio kule Westlands alinionyesha mchoro wa usikivu wangu, wenye mstari ulioporomoka upande wa kulia, penye sauti nyembamba. Alinipa kifaa cha kunisaidia katika mazungumzo. Nilipokijaribu na muziki, nilisikia mabati yakiburutwa.

Rafiki yangu aliendelea kuja matbaani akizungumza kwa sauti kubwa, akitaja nyimbo mpya, kisha akaacha kuzitaja, kisha tukawa watu wa kusalimiana kwa mkono. Sikumlaumu. Tungebishana kuhusu nini?

Nilijifariji kwamba mashairi ya nyimbo zile ninayo kichwani. Nikiwa kwenye mashine niliyarudia kimoyomoyo, ubeti kwa ubeti. Lakini mwaka ulivyosonga maneno yakaanza kuteleza. Hapa neno limetoka, pale nimetia langu. Nyumbani niliweka santuri ile ya zawadi kwenye gramafoni yangu kuukuu, nikainamisha kichwa hadi kwenye spika ili nihakikishe. Mwanarapa alikuwa akinguruma tu, kama mtu anayezungumza nyuma ya ukuta, na sikuweza kujua ni nani kati yetu aliyekosea.