Bi Kelele na Makabati ya Vitabu

Mkutubi mkuu wa kwanza mwanamke katika mji ule watu walimwita Bi Kelele, maana sauti yake ilikuwa haijui kunong'ona. Akikwambia "nyamaza" ndani ya maktaba, hata wapita njia walinyamaza. Kwa miaka kumi na minne aliwafundisha kazi wanaume watatu, na kila mmoja akishaiva alifanywa bosi wake. Wa nne alipokosekana, bodi ya maktaba ilikuna kichwa wee, mwisho ikampa yeye kiti.

Siku hiyohiyo aliomba funguo. Vitabu vilifungiwa makabatini, na msomaji alisimama dirishani kuomba kitabu ambacho hajawahi kukiona hata jalada. Bi Kelele akafungua makabati yote, akang'oa na milango, akampa seremala aondoke nayo kabla bodi haijapata habari.

"Wataviiba vyote," alisema mwenyekiti wa bodi.

"Wakiviiba, mzee wangu, mimi mwenyewe nakiacha kiti."

Ulimi huponza kichwa. Mwenyekiti aliyaandika maneno yale neno kwa neno katika kumbukumbu za kikao.

Mwaka mzima watu walimiminika kama wamesikia kuna harusi. Kisha ikafika siku ya kuhesabu vitabu. Makarani walihesabu, wakarudia, wakarudia tena. Vitabu mia tatu na sita havikuwepo rafuni wala havikuwa vimeazimwa, na vyote ni vile vitamu vitamu: vya mapenzi, vya upelelezi, vya safari. Kwa mara ya kwanza Bi Kelele alikosa sauti. Kiti kilimuuma, lakini kilichomuuma zaidi ni kwamba aliwaamini watu.

Asubuhi yake mwenyekiti akaja, uso umemnawiri, barua ya kumwondoa iko mkononi. Ilibakia kunukuu kumbukumbu za kikao kile tu. Akainama kona ya mwisho, kwenye ripoti nene za bodi zenye kumbukumbu hizo, ambazo hakuna binadamu aliyewahi kuzisoma. Akavuta moja. Nyuma yake kikadondoka kitabu cha mapenzi. Akavuta ya pili, vikadondoka vitatu.

"Wanavificha!" Sauti ya Bi Kelele ilirudi yote kwa mpigo. "Wanavificha ili kesho wasiwahiwe! Na sisi mabwege tunahesabu vitabu vya mbele tu!"

Makarani wakapiga magoti, wakaanza kuchomoa. Kila kitabu kilikuwa na kipande cha karatasi pale msomaji alipoishia. Mia moja, mia mbili, Bi Kelele akihesabu huku machozi ya kicheko yanamtoka, mpaka mia tatu na tano. Cha mwisho alikuwa nacho mwenyekiti.

"We! Kirudishe hapohapo, nimefika pazuri!"

Mwenyekiti aligeuka. Mkewe alikuwa amesimama nyuma yake, kikapu mkononi. Kila Jumanne, kama siku hiyo, mama huyu huaga kwamba anakwenda kumwangalia dada yake mgonjwa.

"Dada yako hajambo?" mwenyekiti aliuliza.

"Hajambo. Kwani alikuwa anaumwa?"

Bi Kelele alikaa sakafuni, mbavu hana. Mwenyekiti aliikunja barua yake mara nne, akaitia mfukoni. Kisha akakirudisha kile kitabu nyuma ya ripoti, polepole, karatasi isije ikachomoka.

"Ukikimaliza," alimnong'oneza mkewe, "usikifiche pengine. Na mimi nikikute hapahapa."