Uso Usiosema Kitu

Ukitaka kujua nani amewaliza wanawake wa Karachi kuliko waume zao, ni Tauqir Alvi. Alianza kazi televisheni ya serikali, kijana wa kukunja nyaya, enzi ambazo mwigizaji wa kike hata akiigiza amelala alikuwa na ushungi kichwani kwa amri ya wakubwa, na ole wake aliyesahau. Zilipokuja stesheni za binafsi akapanda, akawa mtayarishaji na mwongozaji. Tamthilia zake zilikuwa ndoa moja tu iliyobadilishwa nguo: mke anateswa, mke anasubiri, mke anarudi kwa mumewe, watu wanalia, sabuni inauzwa. Sokoni wanawake walimsimamisha mkewe, Shagufta, wakamwambia, "Mumeo katutoa machozi tena, Mungu anamwona." Shagufta anacheka, anaongezewa vitunguu vya bure.

Alikuwa na ujanja mmoja ambao vijana wote wa kazi hiyo waliuiga. Siku ya kwanza ya kurekodi, kabla mwigizaji mkuu hajashika hata mistari yake, alimweka mbele ya kamera akamwambia, "Tazama mlango. Usilie, usicheke, usiwaze kitu. Watazamaji watakuwazia." Sura hizo akaziweka akiba. Stesheni ikitaka tamthilia irefushwe, anachomoa uso mmoja, anaupachika anapotaka. Ukitanguliza msiba, uso ule una huzuni. Ukitanguliza posa, uso ule ule umekubali. "Kimya cha mwanamke ni ridhaa," alipenda kusema, maana ndivyo mashehe wanavyomhesabia bibi harusi anayeona haya kujibu. Aliwahi kuisema hata kwenye mahojiano, watu wakacheka, naye akacheka nao. Haya, chekeni.

Mwaka huo binti yake Romana alirudi kutoka Sukkur, alikoolewa, ana sanduku moja na mkono umefungwa bendeji. Hakueleza mengi. Alikaa jikoni juu ya kigoda akamwambia baba yake, "Baba, sirudi." Shagufta akasema mtoto atulie kwanza, watu watasema nini. Lile "sirudi" lilimchoma Tauqir, kwa sababu alijua nani amewafundisha wale watu wa Sukkur kuwa mke mwema hurudi. Wakwe hao hawakukosa tamthilia yake hata moja. Hata posa waliileta kwa ajili ya jina lake.

Basi akafanya jambo ambalo hajapata kulifanya. Tamthilia aliyokuwa nayo mkononi, ya mke aitwaye Hajra, akaitungia mwisho mwingine. Mume anakuja mlangoni, anasema, "Hajra, twende nyumbani." Hajra anamjibu, "Nyumbani ni hapa. Sirudi." Anafunga mlango. Sehrish, aliyeigiza Hajra, aliyasema maneno yale mara moja tu, na mpiga kamera akasahau kuzima mashine.

Jioni ile Tauqir aliingia jikoni, akasimama karibu na bintiye. "Subiri Alhamisi, mwisho ukirushwa," akamwambia. "Baba mkwe wako ataona. Akija kukuchukua, atakuta jibu lake limeshamfika." Romana alitabasamu, mara ya kwanza tangu arudi, akamkatia baba yake kipande cha pera, akakinyunyizia chumvi na pilipili kama alivyokuwa akifanya utotoni.

Jumatano akaitwa stesheni. Msimamizi wa vipindi alikuwa Danish, kijana mpole, viatu bila soksi, ambaye kazi yote alijifunza kwa kumtazama Tauqir.

"Ustadhi, mwisho wako mzuri, wallahi," Danish akasema. "Ila mwanamke kumfungia mumewe mlango usoni, hapa kwetu haitapita. Wenye sabuni wamekataa."

"Basi rekodini mwingine bila mimi."

"Turekodi ya nini? Tumeshamaliza. Tazama."

Akabonyeza. Mume akaja mlangoni: "Hajra, twende nyumbani." Halafu ukatokea uso wa Sehrish, ule wa siku ya kwanza, unatazama mlango. Kimya. Filimbi ikaingia. Mume akatabasamu. Mwisho.

"Tumechukua kwenye akiba yako," Danish akasema. "Sisi wanafunzi wako, ustadhi." Wala hakuwa anamkejeli. Mchimba kisima huingia mwenyewe, na Tauqir alikuwa chini kabisa, anatazama juu.

"Toa jina langu," akasema.

"Nalitoa sasa hivi, ukitaka. Lakini likitoka limetoka. Ile tamthilia yako ya Ramadhani itabidi nimpe mwingine." Danish akasubiri, mkono juu ya mashine. "Nitoe?"

Neno lilikuwa limeshafika mdomoni. Toa. Kitu kidogo hivyo. Lakini Tauqir akajiona anakaa nyumbani na nywele zake nyeupe, simu hailii, Shagufta anapita sokoni hakuna anayemsimamisha. Kazi nyingine hakuijua, na nje ya ile aliogopa.

"Ngoja nifikiri," akasema.

Danish hakuwa mjinga. "Chai, ustadhi?" akauliza, akaondoa mkono. Tauqir akanywa chai, akaenda nyumbani, na jina likabaki lilipo.

Alhamisi walitazama wote watatu. Romana hakusogea mpaka majina yakapita yote.

"Wameubadilisha, mwanangu," Tauqir akasema. "Ule si mwisho wangu."

Romana akainuka, akakusanya vikombe, akaenda kuviosha.

Jumapili baba mkwe, Haji Ishtiaq, akawasili na mwanawe Waqar, mume mwenyewe, na kikapu kikubwa cha tende za kwao. Waqar alikaa pembeni anakula sambusa, macho kwenye simu. Haji alikuwa na furaha tele.

"Mkwe, umetupa raha," akasema. "Mama Waqar amelia mpaka kachelewa sala. Nikamwambia kijana, usihangaike, baba yake ameshatoa hukumu mbele ya nchi nzima."

"Mwisho ule si wangu, Haji."

"Wa nani, wangu? Jina lililopita pale lilikuwa langu?" Wakacheka, na Shagufta akacheka nao kwa adabu.

Romana alikuwa amesimama mlango wa jikoni na sinia la chai. Haji akamgeukia kwa upole. "Binti yangu, twende nyumbani."

Romana hakujibu. Alitazama mlango wa nje. Hakulia, hakucheka.

"Alhamdulillahi, amekubali," Haji akasema. "Kimya cha mwanamke ni ridhaa. Si ndivyo unavyosema siku zote, mkwe?"

Tauqir akamtazama binti yake. Uso ule aliujua. Amekaa nao vyumba vya giza maisha yake yote, akiutia maneno ambayo haukuyasema.

"Uso huo haujasema kitu," akasema. "Muulizeni. Yaliyomo mnayatia nyinyi."

"Msamehe, Haji," Shagufta akasema, uso umemuiva kwa aibu. "Ndivyo alivyo siku hizi, hata chakulani ni kazi tu."

Haji alicheka mpaka chai ikampalia. "Msanii," akasema akijifuta ndevu. "Msanii huyu."

Angeweza kusimama. Angeweza kuwatoa nje na tende zao, nyumba ni yake na mtoto ni wake. Mimi namjua vizuri mtu huyu, nimekula kwake mara nyingi, na mpaka leo nina hasira naye, kwa sababu alikaa. Romana aliweka sinia mezani, akaenda kuchukua sanduku. Hakuna aliyemgusa.

Wageni walipoanza kushuka ngazi ndipo Tauqir akanyanyuka, akaushika mkono wa lile sanduku. "Romana. Sema neno moja tu. Ukisema, naufunga mlango huu sasa hivi."

Romana akamgeukia.

"Nilishasema, Baba. Siku niliyokuja." Akamtoa vidole kwenye sanduku, taratibu, kimoja kimoja. "Na jina lako lilikuwepo."

Akashuka nyuma ya mumewe. Kutoka chini Haji Ishtiaq alikuwa anapaza sauti, anauliza ile ya Ramadhani inaanza lini.