Mdhamini wa Kumi

Mtaani walimwita Fundi, na hilo lilitosha. Ukitaka kupunguza sketi ya shule au kubadilisha zipu, uliulizia kwa Fundi, ukaonyeshwa chumba cha mbele chenye dirisha moja na cherehani ya kukanyaga, na mwenyewe kabana pini tatu mdomoni, anakuitikia kwa pua. Mumewe alikuwa fundi umeme. Alifariki kwa homa ya siku nne, akamwachia binti mmoja, mama mkwe mmoja, na nyumba ambayo nusu ya matofali yake aliyafyatua Fundi kwa mikono yake miwili.

Sasa, kilichomfanya mwanamke mpole kama huyu aende kuchukua fomu ya kugombea ujumbe wa kamati ya mtaa kilikuwa kitu kidogo. Lakini sindano nayo ni ndogo, muulize aliyeikalia. Binti yake alipofika umri wa kitambulisho, alitakiwa barua ya mtaa. Fundi akaenda kwenye kamati. Akaambiwa barua hupewa mkuu wa kaya.

"Si ndiye mimi?" akasema.

Wakacheka, wala si kwa ubaya. Walicheka kama unavyomcheka mtoto aliyevaa viatu vya babake. Daftari likafunguliwa akaonyeshwa. Tangu mumewe azikwe, yeye na binti yake waliandikwa chini ya shemeji yake, mdogo wa marehemu, mwenye nyumba ng'ambo ya barabara, ambaye ndiye katibu wa kamati. Ikabidi shemeji atie saini kwamba anamfahamu Fundi na kwamba Fundi anakaa pale anapokaa. Shemeji akatia, akatabasamu, akasema, "Shida ndogo hizi, shemeji, uwe unaniambia tu." Fundi akashukuru. Alipofika nyumbani akakaa mbele ya cherehani bila kukanyaga. Alijiona kama furushi lililoachwa kituoni, linalosubiri mwenyewe aje alitambue.

Ndiyo fomu ikachukuliwa. Kanuni ilisema mgombea awe na wadhamini kumi waliojiandikisha mtaani. Wanawake walimsainia bombani asubuhi moja, foleni ya ndoo pembeni, wanacheka na kusukumana, kila mmoja akaandika kwa mbwembwe. Kisha sare za shule zikambana, siku zikapita, na alipoipeleka fomu ofisi ya kata ilikuwa siku ya mwisho, saa sita na nusu.

Karani wa kata alikuwa mtu wa makini, mwembamba, miwani imefungwa uzi. Kwenye benchi la ukutani walikuwa wamekaa wawili: shemeji, na mwenyekiti wa mtaa, ambaye watu walimwita Kiti kwa kuwa miaka kumi na minane hakuna aliyewahi kumwona amekiacha. Walikuja kuhesabu wapinzani. Mpaka saa hiyo hakuna.

Karani akaanza kusoma. "Mama Pacha. Mama Mkaa. Mama Kona. Bi Kicheko. Shangazi wa Bombani." Akavua miwani. "Fundi, hii ni fomu ya uchaguzi au orodha ya waalikwa wa harusi?"

Kiti akacheka mpaka akakohoa.

"Ndiyo majina yao," Fundi akasema.

"Ndivyo mnavyoitana. Humu daftarini hayamo. Nataka jina la kwenye kadi ya kura, na namba ya kadi. Kila mmoja." Akavuta droo, akatoa karatasi. "Hii ndiyo fomu ya mwisho niliyo nayo. Ukiichafua, tuonane baada ya miaka mitano. Saa kumi kamili nafunga mlango."

"Jua kali, mwanangu," Kiti akamwambia kwa upole wa mtu aliyeshiba. "Rudi kwenye cherehani yako. Sare za watoto wetu nani atashona?"

Shemeji alikuwa anatazama vidole vyake vya miguu.

Fundi akatoka. Njiani ndipo jambo lenyewe lilipomwingia vizuri. Miaka ishirini amewapima wanawake wale. Alijua kiuno cha kila mmoja, nani bega la kushoto liko chini, nani huficha tumbo, nani kakonda tangu mwaka jana na kwa nini. Lakini jina? Mama Pacha ni Mama Pacha. Kabla ya pacha aliitwa Mke wa Dereva. Kabla ya hapo alikuwa kwao.

Mama Pacha alitoa kadi haraka. Fundi akaisoma, akamtazama. "Kumbe hili ndilo jina lako?"

"Usinicheke. Alinipa babu."

"Zuri. Mbona hukusema siku zote?"

"Nani aliuliza?"

Akaandika. Herufi kubwa, polepole, mkono mmoja umeshikilia karatasi kama kitambaa cha bei ghali kilichobaki kipande kimoja. Akaenda nyumba ya pili, ya tatu. Mama Mkaa, muuza mkaa, akaandika kwa vidole vyeusi, na Fundi akaweka leso chini ya kiganja chake fomu isichafuke. Kisha Mama Mkaa akajifunga kanga kiunoni, akashika mkokoteni wake mtupu. "Nakufuata. Leo biashara ilale."

Nyumba ya Mama Kona mlango ulifunguliwa nusu. "Kadi yangu iko kwenye sanduku la mume wangu," akanong'ona. "Ufunguo kaenda nao kazini."

"Anarudi saa ngapi?"

"Hata akirudi, shoga." Mlango ukajifunga taratibu.

Bi Kicheko, ambaye hata msibani hujiziba mdomo, siku hiyo hakucheka. Alisema tu mumewe amemwambia Kiti ndiye aliyewapatia kibanda sokoni, na asiyejua kushukuru hafai. Wengine wawili waliokuwa na kadi waliongezwa badala yao, lakini Shangazi wa Bombani alikuwa amesafiri. Saa nane na nusu, wadhamini walikuwa tisa. Mtaa mzima, kadi iliyobaki mikononi mwa mwenyewe ilikuwa moja.

Mama mkwe alikuwa uani, miguu imenyooshwa, anachambua mchele kwa vidole kwa sababu macho yalishaanza kumwacha. Fundi akapiga magoti, akaeleza mbiombio. Bibi akasikiliza, akatia mkono kifuani, akatoa kijifuko cha nguo. Ndani mlikuwa na kadi.

"Nisomee."

Fundi akasoma majina yote matatu.

"Soma tena."

Akasoma tena.

"Mara ya mwisho kuitwa hivyo nilikuwa sijaota meno ya mwisho," bibi akasema. "Nikaolewa, nikawa mke wa fulani, halafu mama fulani. Ee! Kumbe bado lipo."

"Mama, ukinisainia, shemeji atachukia. Na mwenyekiti wake."

"Yule nimemzaa mimi. Akipata moto atapoa, si maji hayo? Lete hicho kitu nitie kidole."

Kalamu ikavunjwa, wino ukapakwa kwenye gumba. Mkono wa bibi haukujua kisanduku kiko wapi. Fundi akaushika kwa mikono yote miwili, kama anavyoshika kitambaa chini ya sindano, akaushusha, akauinua. Alama ikakaa ndani ya kisanduku.

Saa tisa na dakika kumi alikuwa mbele ya karani. Mama Mkaa kabaki nje na mkokoteni. Kiti na katibu wake walikuwa palepale bencheni. Nadhani walishaanza kupongezana. Karani akafungua daftari la mtaa, akaweka rula chini ya mstari, akawa anatafuta jina, anapata, anatia tiki. La kwanza. La pili. Feni inalia kwik, kwik. La sita likachukua muda, rula ikapanda na kushuka. Likaonekana. La tisa, tiki.

La kumi, rula ikasimama.

"Huyu amekufa," karani akasema.

"Nani?"

"Mdhamini wa kumi. Tazama." Akageuza daftari. Palikuwa na mstari mmoja mwekundu ulionyooka, umeanza kwenye jina la baba mkwe, aliyefariki miaka minne nyuma, ukateremka mpaka jina la mkewe, na pembeni neno moja: *Marehemu*. Ndivyo kamati ilivyofanya kazi. Kaya huandikwa kwa jina la mwanamume. Akizikwa, kaya hupigwa mstari, na waliobaki huhamishiwa chini ya mwingine kama mtu atakumbuka. Huyu hakuna aliyemkumbuka.

"Nimemwacha nyumbani anachambua mchele!" Fundi akasema, sauti imempanda.

"Sikatai. Mimi nasoma kilichoandikwa."

"Sheria ni msumeno," Kiti akasema. "Maiti hadhamini mtu."

Fundi akageuka. "Shemeji! Wewe ndiye mwenye daftari. Sema basi."

Shemeji akafungua mdomo. Kiti akamwekea mkono gotini, kidogo tu, kama anayekung'uta vumbi. Mdomo ukafungwa.

"Nikikuletea mwenyewe?" Fundi akamuuliza karani.

Karani akatazama saa ya ukutani. Saa tisa na dakika ishirini na tano. "Akisimama hapa kabla ya saa kumi, nitamsikiliza. Lakini fomu ikitoka nje ya mlango huu, umeiondoa. Na mgombea ndiye anayeikabidhi."

Kwa hiyo asingeweza kwenda. Akachungulia dirishani. "Mama Mkaa! Mlete mama! Mlete hivyohivyo!"

"Yupi?"

"Mama mkwe! Na kadi yake! Mpakie!"

Magurudumu yakasikika yakiondoka, kra kra kra, yakapotea.

Basi pale ndani ikawa kungoja. Wewe umewahi kungoja kitu ambacho huwezi kukisukuma? Fundi alisimama, maana akikaa angeonekana amechoka. Akahesabu: kwenda, Mama Mkaa anatembea kama askari, dakika kumi. Kumpandisha, tano. Kurudi na mtu ndani, na kile kilima cha kwenye shule? Na kama bibi atakataa? Mwanamke wa heshima zake, apakiwe kwenye mkokoteni wa mkaa, mchana kweupe, mtaa mzima unatazama? Saa kumi kasoro robo ikapita. Karani akaanza kupanga mihuri yake ndani ya sanduku, mmoja mmoja, akauacha mmoja nje. Kiti akasimama, akanyoosha mgongo, akasema kwa sauti ya kuaga, "Haya, kila jambo na wakati wake."

Zikabaki dakika sita. Zikabaki tano.

Kelele ndizo zilizotangulia. Wanawake, wengi, sauti juu ya sauti, "Taratibu! Shikilia! Usimwage!" Kisha magurudumu. Kisha mlangoni akatokea bibi, kashikiliwa kushoto na Mama Mkaa na kulia na Mama Pacha, kanga nyeupe imejaa alama za mkaa, kichwa juu.

"Nasikia mmenizika," akasema. "Hodi."

Kuna aliyecheka dirishani, wengine wakamnyamazisha.

Karani akasimama, akamsalimu kwa adabu. "Shikamoo, mama. Naomba kadi." Akailinganisha na daftari, akakuna shingo. "Jina ni hili. Lakini humu umeshafariki, na aliyetia saini kwamba umefariki ni kamati. Siwezi kufuta kwa mkono wangu peke yangu. Aliyeandika ndiye aseme."

"Nani aliandika?" bibi akauliza.

Macho yote, ya mlangoni na ya dirishani, yakaenda kwenye benchi.

"Katibu," karani akasema, "huyu aliyesimama hapa unamfahamu?"

Shemeji akainuka nusu. Kiti akasema taratibu, bila kumtazama, "Angalia utakachosema. Daftari likiwa na kosa moja, watu watauliza yako mangapi."

Dakika tatu. Fundi alitaka kusema, akajizuia. Aliona neno lake lolote lingempa shemeji pa kujificha. Bibi naye alikuwa amemtazama mwanawe kwa macho yale yasiyoona vizuri, kichwa kimeinama upande mmoja kama anayesikiliza iwapo mtoto wa chumba cha pili amelala.

"Katibu. Unamfahamu?"

"Namfahamu," shemeji akasema. Sauti ilitoka kama mlango uliokwama. "Ni mama yangu."

"Yu hai?"

"Yu hai." "Mimi ndiye niliyepiga mstari. Nilipiga wa baba, rula ikateremka. Sikuangalia nani yumo."

Karani akawa tayari kaandika. Akamgeuzia daftari, shemeji akatia saini pembeni. Kisha karani akatia tiki ya kumi, akavuta muhuri ule mmoja uliobaki nje, akaupumulia, akagonga. Kidau cha wino kikaruka mezani. Saa ilisema kumi kasoro dakika moja.

"Mgombea umepokelewa," akamwambia Fundi. "Kura ni wiki tatu zijazo."

Nje walipiga vigelegele mpaka karani akafunga dirisha. Fundi hakupiga. Alikuwa anaangalia kipande cha risiti mkononi, majina yake mwenyewe yote matatu, na muhuri juu yake haujakauka, anaogopa kukikunja. Alijua Kiti ana marafiki wengi na wiki tatu ni ndefu. Alijua pia chakula cha jioni hiyo, ng'ambo ya barabara, kitaliwa kimya.

Kiti alipita katikati ya wanawake bila kusalimia. Shemeji akabaki, kasimama katikati ya ofisi hajui mikono aiweke wapi.

"Wewe," bibi akamwita. "Njoo. Ngazi hizi mimi sizioni."

Akaja. Akampa bega. Wakashuka polepole, hatua moja, hatua nyingine, na Fundi nyuma yao, risiti kaishika mbele yake kwa vidole viwili.