Kura ya Muuguzi

Kwenye basi la kwenda Great Barr, mtaa wa hapa ughaibuni tunakoishi, mgombea uenyekiti wa chama chetu cha Wakenya alimwomba kura muuguzi aliyeketi mbele yangu. Alimsimulia kuhusu mwanasiasa wa jimbo moja la Amerika, miaka mia iliyopita, aliyeshindwa uchaguzi, akahama chama, akashindwa tena, mwishowe akawa spika wa bunge la jimbo.

"Mimi ni kama yeye, dadangu. Sichoki."

"Huyo wako, watu wakifiwa, alikuwa akiosha sufuria?"

"Hiyo haijaandikwa."

"Na yako pia haijaandikwa. Kwa matanga ya mamangu ulifika chakula kikiwa tayari, ukahutubia, ukaenda na chapati zetu."

Mgombea akashuka kituo kisicho chake. Kwenye mvua alisimama akatupungia mkono, akitabasamu. Basi zima tukampungia. Nafikiri atashinda.