Ng'ombe wa Bibi na Alama ya Mnyama

Nilipokuwa mtoto dunia ilishawahi kuisha. Ilikuwa Ijumaa, mvua inanyesha, na mimi nilikuwepo. Ndiyo maana juzi Glory, binti wa kaka yangu, aliponijia hapa kwangu mtaa wa Sakina na simu yake mkononi, kaacha chuo cha ushonaji, ananiambia, "Shangazi, ya nini kujifunza kukata sketi na tunanyakuliwa mwezi huu?", nilicheka mpaka fundi pikipiki wa jirani akachungulia juu ya ukuta akidhani nimepata kichaa. Nikamwambia kaa chini wewe. Dunia ilipoisha mimi nilikuwa na miaka minane.

Tulikaa juu huko Meru, kwenye migomba na kahawa ya Bibi. Mama yetu alifariki siku aliyomzaa mdogo wangu Elinipa. Kwa hiyo Elinipa alilelewa na ng'ombe. Sitanii! Bibi alikuwa amepewa ng'ombe wa kisasa na mradi wa kanisa, tukamwita Bahati. Bibi anakamua, anachemsha, anazimua na maji kidogo, anamnywesha mtoto. Bila Bahati hakuna Elinipa, na kijiji kizima kilijua hivyo. Sasa, sharti la mradi lilikuwa hili: ndama jike wa kwanza si wako, unampa jirani anayefuata kwenye orodha. Aliyefuata alikuwa Mama Anaeli, nyumba ya pili, naye ananyonyesha. Anaeli wake alilingana na Elinipa wetu kabisa.

Ndipo akaja yule bwana. Alijiita Mjumbe wa Saa. Mchungaji wetu wa Kilutheri hakumjua, wala sisi hatukujua katokea wapi. Alikuja na shuka kubwa lililochorwa wanyama wenye vichwa vingi, akalitundika kwenye ukuta wa ghala la kahawa. Akasema Ijumaa ya wiki ya tatu mlima utapasuka, moto utamwagika mpaka mjini, na atakayepona ni yule asiye na alama ya mnyama karibu yake.

Weee! Watu waliacha kupalilia. Kahawa ikaiva, ikadondoka. Mahindi ya mbegu, yale tunayotundika jikoni juu ya moshi, wakayashusha wakapika makande. Utapanda kwa ajili ya nani?

Bibi aliwaangalia tu. Siku moja pale bombani akawaambia, "Anayekula mbegu anakula mdomo wa mwanawe. Mtakuja kwangu." Wakamcheka, wakasema bibi huyu moto utaanza naye.

Sasa sikia upumbavu wangu. Mimi shule niliishia la nne, lakini wakati huo nilikuwa la pili na nimejua namba juzijuzi, basi kila namba ninayoiona naisoma kwa sauti. Bahati alikuwa na hereni ya plastiki sikioni, ya njano, ya mradi. Mama Anaeli kaja kuomba kaa la moto, mimi nikataka sifa. "Mama Anaeli, ng'ombe wetu ana namba! Sita, sita, nne, sita!"

Alisimama na kaa lake kwenye gae, mkono kifuani. Kesho yake kijiji kizima kinasema ng'ombe wa Bibi ana alama. Ile nne ya katikati hakuna aliyeitaka.

Alhamisi Bibi kashuka sokoni na ndizi, wakaja. Mama Anaeli mbele, nyuma yake wanaume wanne wamejifunga mashuka meupe ya kunyakuliwa. Mimi nimesimama kwenye mlango wa zizi, Elinipa mgongoni.

"Pisha, mwanangu," Mama Anaeli akaniambia, kwa upole kweli. "Tunawaokoa."

"Mtoto atakunywa nini?"

"Kesho hakuna kunywa tena."

Hilo neno liko kifuani kwangu mpaka leo. Walinisukuma, wakamchinja Bahati palepale. Tumboni walikuta ndama, jike. Ndama wa Mama Anaeli mwenyewe! Nilimwona anavyomtazama. Wakasema nyama ya alama hailiwi, inakwenda kuzikwa, wakabeba yote. Haya. Jioni upepo ulikuwa unatoka kwao, na mimi harufu ya maini yanayokaangwa naijua.

Bibi aliporudi hakupiga kelele. Alimwaga maji zizini, akafagia damu, akakorogea mtoto uji wa ndizi.

Ijumaa walipanda kilimani juu ya kanisa, wakaimba kwenye mvua mpaka sauti zikakauka. Mlima umetulia tuli kwenye ukungu wake. Saa kumi watoto wanalia njaa, Mjumbe akasema anasogea pembeni kuomba kidogo. Akaingia kwenye migomba. Mpaka leo anaomba!

Sisi nyumbani hatukucheka. Elinipa uji ulikuwa haukai tumboni. Kufika Jumapili alikuwa analia bila sauti, mdomo unafunguka tu. Bibi hakwenda kanisani. Alishusha chungu cha bibi yake, kile kisichopikiwa kitu, akanishika mkono, Elinipa mgongoni kwangu, tukaenda kukaa njiapanda mbele ya nyumba ya Mama Anaeli, chungu katikati ya miguu yake.

Kwetu hakuna mtu asiyejua maana yake. Chungu kikivunjwa kwa jina lako, ukoo unapukutika mmoja mmoja, aliyetenda na asiyetenda. Wengi walioinuka kanisani kukemea mambo hayo, chungu wakikiona wanapita mbali. Watu walikuwa wanatoka ibadani, wakaganda.

Mzee mmoja wa kanisa akasema, "Mama, wewe ni Mkristo."

Bibi akamjibu, "Na wao Alhamisi walikuwa nini?"

Mimi je? Mimi nilikuwa napiga kelele, "Kivunje, Bibi! Kivunje!" Nilitaka nisikie kinavyolia. Nilitaka nyumba ile ibaki majivu. Watu husema mtoto hana kinyongo. Waliosema hivyo hawajawahi kubeba mdogo wao mgongoni wakasikia anavyozidi kuwa mwepesi.

Mama Anaeli akatoka. Ameshika jani la isale, kalifunga fundo, anatembea kwa magoti kwenye tope. Isale ndiyo msamaha wetu. Ukiletewa hulikatai, ukilikataa laana inakugeukia wewe. Bibi alimwacha apige magoti mpaka kijiji kizima kikajaa. Ndipo akapokea.

"Nimelipokea," akasema. "Sasa mpe ziwa."

"Mama?"

"Mtoto uliyemchinjia maziwa yake. Mpe ziwa. Hapahapa, watu wakiona."

"Mama, maziwa ya Anaeli yenyewe hayatoshi."

"Ndiyo ujue."

Akakaa kwenye tope akafungua kifua. Elinipa alishika ziwa kama mtu aliyeshika ukingo wa shimo. Mama Anaeli analia, Anaeli analia ndani ya nyumba, na Bibi kakaa wima kama karani wa mahakama.

Ikawa hivyo asubuhi na jioni, njiapanda, jua na mvua, mpaka Elinipa akaota meno. Siku akikosa, chungu kipo. Watoto tulimzunguka tukiimba, "Mnyonyeshe mnyama! Mnyonyeshe mnyama!" Wimbo niliutunga mimi, na sauti ya juu kabisa ilikuwa yangu. Anaeli alikonda, shingo ikawa kama ya kifaranga. Hilo nililiona. Sikuacha kuimba.

Na lile neno la bombani? Mvua za kupanda zilipofika, walikuja kwa Bibi kuomba mbegu, mmoja mmoja, macho chini. Aliwapa wote. Lakini kila mmoja alimpalilia kahawa kwanza, na Bibi aliwaambia waje na yale mashuka yao meupe. Jamani, nilicheka siku hizo! Shamba limejaa malaika wenye majembe!

Sasa Anaeli ana nyumba mjini, Njiro, ya ukuta na geti, na mama yake mzee anakaa kwake. Elinipa anamwita yule mwanamke "Mama". Anampeleka hospitali, anamsuka nywele, Krismasi anakwenda kule kabla ya kuja kwangu. Mwezi uliopita akanipigia. "Dada, Mama anaumwa. Anakuulizia."

Nilikwenda. Sikwenda kwa huruma, nilikwenda anione. Nilimkuta amekuwa mdogo kama nguo iliyofuliwa mara nyingi.

"Shikamoo, Mama Anaeli."

"Marahaba. Ni wewe uliyesoma namba?"

"Ni mimi."

Akaniuliza, "Umenisamehe?"

"Bibi ndiye aliyepokea isale. Mimi nilikuwa mtoto, hakuna aliyeniletea jani."

"Dada!" Elinipa, aliyekaa kitandani kando ya mzee, akanikemea, macho yamejaa maji.

Yule mzee akamtuliza kwa mkono. "Mwache. Basi tutaonana siku yenyewe."

"Tutaonana," nikasema.

Hayo nilimweleza Glory yote. Nikamwambia siku ya hukumu ipo, mimi siipingi, imeandikwa. Ila kila anayekuja na tarehe, kabla hajaondoka mtoto wa mtu atakuwa amekosa maziwa. Angalia huyo wa kwenye simu yako anataka uache nini, na ukishaacha nani atakula. Kesho rudi chuo. Siku ikikukuta unakata sketi, hutaulizwa kwa nini.

Akaniuliza, "Shangazi, wewe huiogopi?"

Nikamwambia mimi naisubiri. Nina kesi. Nimeitunza tangu nina miaka minane, sijasahau neno hata moja, nitaisema mbele ya Mwenyewe bila karatasi. Nikacheka kicheko changu, na yeye akacheka.

Alipoondoka nilikaa kidogo. Kesi yangu ina tatizo moja. Mwenye kudai ni Elinipa, ndiye aliyenyang'anywa, mimi ni dada tu. Siku hiyo ataitwa yeye aseme. Na kule Njiro niliona amekaa upande gani wa kitanda.